Kikohozi cha Shekue

Paukwa!
— Pakawa!
Pakawa kwato!
— Za farasi!
Pakawa chuma!
— Cha mhunzi!
Pakawa chozi!
— La nani?

Hilo la nani ndilo nililowaitia. Sogeeni basi. Mvua hii haina haraka, na sisi hatuna pa kwenda. Kila mtu na ungo wake, kila mtu na kunde zake. Mikono imenye, masikio yasikilize. Na wewe Mwanaharusi, usinitilie maganda kwenye kunde safi, nakuona. Nani kasema ngano za mchana huotesha pembe? Njoo unipapase kichwa. Nimesimulia mchana tangu nina meno mpaka leo sina hata moja. Umeona pembe? Haya, kaa kitako.

Hapo kale, kale ambayo ukiifuata huikuti, palikuwa na mji uitwao Majabalini. Mji wa mawe. Kisima chao kilikuwa chini, bondeni. Ukishuka, mawe. Ukipanda, mawe. Ukichoka ukataka kukaa, unakalia jiwe. Kwa hiyo farasi wa Majabalini hawakwenda miguu mitupu kama farasi wengine. Walivishwa viatu vya chuma, na aliyewavisha alikuwa mhunzi mmoja tu, Fundi Mbaruku, aliyekuja mara moja kwa mwaka, masika yakikatika.

Farasi aliyepitwa na fundi, kwato zilipasuka. Farasi aliyepasuka kwato hakuweza mawe. Na asiyeweza mawe, Majabalini walimpeleka Korongoni, nyuma ya kilima, wakamwacha huko na fisi. Ndiyo ada yao. Msinitolee macho mimi, sikuiweka mimi.

Katika mji huo alikaa mwanamke akiitwa Mwanamisi, na mumewe Shekue, na farasi wao mmoja wa kijivu, jina lake Sahibu. Watoto hawakujaaliwa. Sahibu ndiye aliyeteka maji yao, na maji ya jirani mgonjwa, na maji ya mwenye harusi, na maji ya maiti.

Kila alfajiri Shekue alikwenda uani. Alikuwa na kifua kibovu tangu ujana. Kabla hajafika bandani, hukohoa. Khe! Khe-khe! Kisha humgusa farasi bega, akamwambia, "Nipe, sahibu yangu." Na Sahibu hutoa mguu. Shekue huutia mapajani, akatoa mawe na matope kwa kijiti, mguu wa kwanza, wa pili, wa tatu, wa nne.

Mwanamisi alikuwa akimpigia kelele kutoka kitandani. "Kohoa taratibu, bwana! Utaniamshia kuku!"

Jamani, tunayoyachukia kwa watu wetu! Ngojeni tu.

Masika yalipoanza mwaka huo, kifua kilimwangusha Shekue. Kutwa anakohoa, mkewe amemshika mgongo. Siku ya mwisho akamwita karibu.

"Mke wangu, kiatu cha mguu wa mbele wa kulia kimelegea. Ukwato umeanza ufa."

"Wewe unaumwa, wafikiria kwato?"

"Fundi akija, Sahibu asipitwe. Asiende Korongoni. Nimekuachia huyo tu, sina kingine."

"Hatakwenda," akasema Mwanamisi. "Naapa."

Shekue akakohoa mara moja zaidi. Hakurudia tena.

Siku ya maziko watu walijaa. Wakaona farasi atawasumbua wafiwa, wakamfungia banda la nyuma. Jeneza likatoka mlango wa mbele, Sahibu akawa nyuma anatafuna majani. Hakuona kitu. Mji mzima ulijua Shekue kafa, isipokuwa yule aliyembeba miaka kumi na mmoja.

Mwanamisi akakaa eda. Mnazijua eda za huko: miezi minne na siku kumi, nguo nyeupe, hakuna kutoka, hakuna kuonana na mwanamume wa kando. Uani aliruhusiwa, maana ukuta ni mrefu. Mlango wa jiko ulioelekea uani wakautundikia mkeka, ili akija mgeni mwanamume, mjane ajifiche nyuma yake. Aliyekaa naye ni wifi yake, Riziki, dada wa Shekue. Mtu wa kazi, maneno machache, mkono mwepesi. Riziki ndiye aliyemshusha Sahibu kisimani, polepole, kwa sababu ya ule ufa.

Na fundi? Fundi alikuwa na sharti lake. Babaye alikuwa mhunzi pia. Alipigwa teke la kifua na farasi aliyefungwa kamba, akafa palepale, nyundo mkononi. Tangu hapo Fundi Mbaruku akasema: "Farasi wa kamba simtaki. Kwato nizikute safi, nizikute kavu, na mguu autoe mwenyewe. Nitamwomba mara tatu. Akikataa ya tatu, nafunga mfuko wangu." Na alikuwa haongezi ya nne, hata umlilie.

Sasa mjue kazi iliyomkabili Mwanamisi. Sahibu alikuwa hatoi mguu kwa mtu yeyote, hata fundi, ila Shekue awepo. Na masika yamebaki siku chache.

Akaanza kwa sauti yake. Asubuhi akasimama bandani na kijiti, akaimba:

*Sahibu nipe mguu,*
*nipe mmoja si wote,*
*nipe nikutoe jiwe,*
*njia ni ya mawe yote.*

Sahibu akamnusa kiganja. Mguu? Ng'o. Kaupanda chini kama mche.

Akaja na tende. Tende moja, akala. Tende ya pili, akala. Kikapu kikaisha. Mwanamisi akainama, akaushika ule mguu, akavuta. Wapi! Tende zimekwenda, mguu umebaki.

Siku nyingine akavaa kizibao cha Shekue, hakijafuliwa, kina jasho la mwenyewe. Hapo Sahibu alishtuka. Akakinusa kola, akakinusa mfuko, akashusha pua mpaka kwenye pindo. Akauinua mguu kidogo, kidogo hivi. Kisha masikio yakageukia mlango wa nyumba. Akasikiliza. Akasikiliza sana. Akaushusha mguu chini.

"Wifi," akasema Riziki, "huyu anangoja kitu."

"Anangoja nini?"

"Ningejua ningekwisha kukwambia."

Mwanamisi akarudi ndani akalia. Hakulilia mguu. Alilia kwa sababu kizibao kile, alipokivua, hakikuwa tena na harufu ya Shekue. Kilinuka yeye.

Basi masika yakakatika. Habari zikaja kwamba fundi yuko mji wa pili, kesho atapanda Majabalini. Riziki akaenda kumwomba afike nyumbani, akasema tu mwenye farasi hawezi kutoka, la msiba likamshinda kutamka. Fundi akakubali. Na Mwanamisi akaamua: asipotoa mguu, basi, lakini aibu ya uchafu sitaipata. Akamwogesha Sahibu miguu yote minne kwa maji na kitambaa, hata akamfikia kati ya vidole kama angekuwa navyo. Lakini uani kulikuwa na tope la masika, na ukwato wa tope ni laini, haushiki msumari. Akachukua jivu la jikoni, beseni kwa beseni, akalimwaga bandani ili farasi asimame pakavu.

Beseni la tatu, upepo ukageuka. Jivu likamwingia puani, likamwingia kooni. Akapaliwa. Akainama akakohoa, kikohozi cha chini kabisa cha kifua: Khe! Khe-khe!

Sahibu akainua mguu.

Akauinua juu, akauweka pale ambapo paja la mtu lingekuwa, akangoja.

Beseni likamponyoka Mwanamisi. Akabaki kasimama, jivu limejaa nyusi. Kumbe si sauti. Kumbe si tende, wala si kizibao. Ni kile kikohozi alichokuwa akikipigia kelele kitandani. Ni kikohozi kilekile kilichomuua mume.

"Siwezi," akasema kwa sauti. "Sahibu, hiyo usiniombe. Nikikohoe mimi, kwa kinywa changu? Siwezi."

Wala hakumwambia wifi yake.

Kesho yake, jua limepanda, hodi ikabishwa.

"Hodi! Hodi wenyewe!"

Mwanamisi akakimbilia nyuma ya mkeka. Riziki akafungua. Fundi Mbaruku akaingia na mfuko wake wa ngozi, tupa, koleo, nyundo, misumari.

"Yuko wapi Bwana Shekue? Mbona leo simsikii?"

"Kaka yangu ametangulia, fundi. Mwanzo wa masika."

Fundi akatua mfuko. "Poleni. Poleni sana. Mungu amrehemu." Akaziangalia kwato. "Safi. Kavu. Nani kaziandaa?"

"Mjane."

"Kaziandaa vizuri. Lakini huu ufa, bibie, hauendi mwaka mwingine bila chuma. Haya. Wewe Sahibu, nipe mguu."

Sahibu akatazama ukuta.

"Moja," akasema fundi. Akazunguka, akamgusa bega. "Nipe mguu, bwana mkubwa."

Sahibu akapanda mguu chini. Nyuma ya mkeka Mwanamisi amejiuma kidole.

"Mbili." Fundi akajifuta jasho. Hakupenda yeye. Alimjua Shekue. Lakini aliyefiwa na baba kwa teke hacheki na sharti. "Nasema ya mwisho, sikiliza mnyama wewe. Nipe mguu."

Farasi amenyoosha masikio kwenye mlango wa nyumba. Fundi akaanza kukunja mfuko. Riziki akajifunika uso kwa upindo wa kanga, maana ameshaliona Korongo, ameshawaona fisi.

Khe! Khe-khe!

Riziki alikuwa na bakuli la maji mkono wa pili. Likaanguka likapasuka. Fundi akaruka nyuma, "Bismillahi!", nyundo kaishika kichwani badala ya mpini. Msicheke! Nyinyi mngekuwa mmeshafika kisimani. Maana sauti ile ilikuwa ni ya Shekue, si ya kufanana, ni yeye, na Shekue ana siku sabini kaburini.

Na Sahibu? Sahibu alitetemeka kuanzia shingo mpaka mkia. Akainua mguu wa mbele wa kulia, akamwekea fundi mapajani.

Fundi akang'oa kiatu cha zamani, akachonga, akasugua kwa tupa, akapiga msumari. Kila mguu ulipofika zamu, kikohozi kikatoka nyuma ya mkeka, na kila kilipotoka, Riziki alikaza meno. Miguu minne. Vikohozi vinne.

Alipomaliza, fundi akasimama akauelekea mkeka bila kuusogelea.

"Mama, wewe uliye huko ndani. Nimemvisha. Lakini mimi nimekaa na farasi maisha yangu yote. Hawasahau hawa. Ulichomwahidi leo, kesho atakudai."

Akaenda zake.

Hapo mngedhani ngano imekwisha, tupige makofi, farasi kapona, mjane mjanja. Mwanaharusi ameshaanza kukusanya nyungo. Weka chini! Njia ya mwongo fupi, na hata uongo wa huruma una njia yake, nayo ni fupi vilevile.

Jioni ile Riziki akamwekea Sahibu majani. Hakula. Alikuwa ametoka bandani, amesimama mbele ya mkeka, pua karibu iguse ukindu. Anamngoja bwana wake atoke. Si amemsikia? Si amemtolea miguu yote? Sasa mbona hatoki?

Siku ya kwanza hakula. Siku ya pili hakula. Siku ya tatu mbavu zikaanza kuhesabika. Mwanamisi alikuwa upande wa pili wa mkeka, anamsikia anavyohema. Akaziba masikio. Akazibua. Akakohoa.

Sahibu akala.

Basi Mwanamisi akanaswa. Kila alfajiri sharti akohoe, ndipo farasi ale. Asipokohoa, hali. Kila asubuhi ya Mungu: Khe! Khe-khe! Koo likachubuka. Akawa anatema mate yenye rangi.

Riziki akavumilia wiki, akavumilia mbili. Ya tatu akashindwa.

"Wifi, yule ni kaka yangu. Kila asubuhi nikiamka nasikia yuko uani, nafurahi kabla sijakumbuka. Kila asubuhi, wifi! Hata msiba wangu hunipi niumalize."

"Unadhani mimi ninaumaliza?" Mwanamisi akajibu, sauti imekauka. "Mimi ndiye ninayemfufua kwa koo langu, na mimi ndiye nisiyemwona. Niambie nifanyeje. Nikinyamaza, anakufa. Nilimwapia mume wangu."

Wakashikana pale jikoni, wakalia wote wawili, na nje ya mkeka farasi amenyoosha masikio.

Siku za eda zikatimia. Wanawake wa mtaa wakaja kumtoa mjane. Wakamwogesha, wakamvua nyeupe, wakamvisha kanga mpya. Mlango wa mbele ukaachwa wazi. Na kama ilivyo ada, mmoja wao akaenda jikoni akautungua mkeka. Hakujua. Angejuaje?

Sahibu akaona njia iko wazi.

Akaja. Ka! Ka! Ka! Vile viatu vipya juu ya sakafu. Wanawake wakampisha. Akaingia jikoni. Akanusa ulipokuwa mkeka. Akanusa kinu. Akanusa mbuzi ya nazi. Akanusa kigoda alichokalia Mwanamisi miezi yote ile. Akatazama kona hii, akatazama kona hii. Hapana mtu.

Akalia. Mimi kilio cha farasi nimekisikia mara moja tu maishani, sitaki tena. Kisha akageuka, akapita katikati ya wanawake, akatoka mlango wa mbele.

Mwanamisi akamfuata mbio, nywele bado zinachuruzika. Sahibu akashuka kisimani, akazunguka, hapana mtu. Akaenda konde la majani walipozoea kukata, hapana mtu. Akaenda uwanja wa soko, akasimama katikati, anageuza masikio kwa kila mwanamume aliyepita. Mwanamume mmoja akakohoa, kikohozi chake tu cha vumbi. Sahibu akamkimbilia, akamnusa uso, akamwacha.

Hapo Mwanamisi akashindwa. Akamshika manyoya ya shingo. "Njoo," akamwambia. "Njoo nikuonyeshe. Heri ningekuonyesha tangu siku ile."

Akampeleka makaburini. Kaburi la Shekue lilikuwa limeota majani ya masika, mabichi, marefu. Mwanamisi akapiga magoti.

"Yuko hapa. Hakohoi tena, Sahibu. Aliyekuwa akikohoa ni mimi. Nilikudanganya nikuokoe, nikakuokoa, na sasa umefiwa leo, wakati sisi tumefiwa zamani. Mimi ndiye niliyekufishia bwana wako mara ya pili. Nisamehe."

Farasi akayanusa majani. Hakula hata moja. Akasimama kitambo. Kisha, polepole, akainua mguu wa mbele wa kulia juu ya kaburi, akauweka pale pale, ambapo paja la mtu lingekuwa. Akangoja.

Hakuna aliyeupokea.

Akangoja. Mguu ukaanza kutetemeka kwa uchovu, naye hakuushusha. Mwanamisi hakuweza kutazama zaidi. Mtaka cha mvunguni sharti ainame, nami nawaambia, na mtaka kubeba cha mwenziwe vilevile. Akainama. Akaweka paja lake. Hakukohoa. Akasema kwa sauti yake mwenyewe, iliyochubuka:

"Nipe, sahibu yangu."

Mguu ukamjia mapajani, mzito, na chuma chake. Kati ya chuma na ukwato kulikuwa na kijiwe, kimekwama tangu kisimani. Akakitoa kwa kidole. Akakiweka juu ya kaburi.

Tangu siku ile Sahibu alikula. Alibeba maji miaka mingi, hakwenda Korongoni, na kila Fundi Mbaruku alipokuja, alimkuta na kwato safi na kavu. Lakini niwaambie neno moja, na kunde zenu mziache kidogo. Kila alfajiri Mwanamisi alipomgusa bega akamwambia nipe, Sahibu hakutoa mguu mara moja. Kwanza aligeuza masikio kule mkeka ulipokuwa ukining'inia. Akasikiliza. Kisha ndipo akatoa.

Na Mwanamisi hakumharakisha hata siku moja. Alisimama naye, kijiti mkononi, akasikiliza pia.

Haya. Ngano yangu nimeivua viatu, imekwenda kulala. Aliyeipenda aibebe, isiyempendeza aiache hapa mlangoni kwangu. Leteni kunde. Nani kati yenu anakohoa? Mpeni maji.